Maswali ya Wasomaji: Sheria Ipo, Msemaji wa Mwisho Hayupo

Barua nyingi zilizotufikia kutoka upande wa Ziwa Victoria zinauliza jambo moja kwa sura mbalimbali: inakuwaje mikataba iwepo, mahakama ziwepo, mabalozi waende na kurudi, na bado mwananchi asijue sheria inamweka wapi? Toleo hili nimeliachia swali hilo peke yake. Barua ni nne. Zilizokuwa ndefu nimezifupisha bila kugusa maana, na majina ya walioandika tumeyahifadhi kwa ombi lao.

Kisiwa ni cha nani?

"Mimi ni mchuuzi wa samaki. Hununua mbuta kwa boti zinazotoka Migingo na kuwauza Kisumu. Mwenye boti ninayemtegemea hulipa ada kwa maafisa wa upande mmoja, na akirudi huambiwa na wa upande wa pili kwamba hakupaswa kulipa. Alinionyesha risiti aliyopewa: karatasi iliyolowa maji, muhuri umefifia hata jina la ofisi halisomeki, lakini kiasi cha pesa kinasomeka vizuri sana. Ada hiyo huongezwa kwenye bei ya kilo, kwa hiyo anayeilipa hasa ni mimi na wateja wangu. Kisiwa ni cha nani? Na kama jibu linajulikana, mbona halisemwi likaisha?"
Mchuuzi wa samaki, Usenge, Siaya

Mama, barua yako ina maswali mawili yaliyofungwa pamoja, na ningependa tuyafungue, kwa sababu kelele nyingi zinazosikika kuhusu Migingo, kisiwa kinachogombaniwa na Kenya na Uganda, zinatokana na kuyachanganya. Swali la kwanza ni sheria inasema nini juu ya kisiwa. La pili ni nani mwenye uwezo wa kuitamka sheria hiyo kwa namna itakayozifunga nchi zote mbili. Lile la kwanza lina jibu lililo karibu na uhakika kuliko watu wengi wanavyodhani. La pili ndilo linaloning'inia, na ndilo linalopandisha bei ya samaki wako.

Mpaka wa Kenya na Uganda ndani ya ziwa haukuwekwa na serikali za leo. Ulielezwa kwa maneno katika amri ya Mfalme wa Uingereza ya mwaka 1926, na maelezo ya mstari huo yamo pia katika jedwali la pili la Katiba ya Uganda. Mstari huanzia kwenye latitudo ya digrii 1 kusini, hupanda kaskazini hadi kisiwa cha Pyramid, huendelea kwa vipande vilivyonyooka kupitia ncha za magharibi kabisa za visiwa vya Ilemba, Kiringiti na Mageta, hufuata ufuo wa magharibi wa Sumba, kisha huingia kwenye mlango wa Mto Sio. Migingo haitajwi katika maelezo hayo, wala hapakuwa na haja itajwe: ni mwamba usiofika ekari moja, na vipimo vilivyochapishwa huuweka mashariki ya mstari kwa takribani nusu kilomita, yaani upande wa Kenya. Mwezi Mei 2009 Rais Yoweri Museveni mwenyewe alikiri kwamba kisiwa ni cha Kenya, ila akashikilia kwamba maji wanamovua wavuvi ni ya Uganda. Hoja hiyo ya maji si ya kupuuzwa. Ikiwa mpaka uko nusu kilomita tu kutoka kwenye mwamba, boti inayokwenda kutega nyavu magharibi ya kisiwa huuvuka kabla injini haijapata moto vizuri.

Huenda ukauliza kwa nini tufungwe na amri ya mfalme wa kikoloni. Tulijifunga wenyewe. Mwezi Julai 1964, mjini Cairo, wakuu wa nchi wanachama wa Umoja wa Nchi Huru za Afrika waliazimia kuiheshimu mipaka waliyoikuta siku ya uhuru, na mwaka 1986 Mahakama ya Kimataifa ya Haki iliyoko The Hague, ilipokuwa ikiamua mzozo wa Burkina Faso na Mali, iliitambua kanuni hiyo kuwa kanuni ya jumla. Ni kanuni yenye machungu yake, kwani mistari hiyo ilikata koo na malisho bila kumuuliza mtu, lakini waliokutana Cairo waliona kwamba kuifungua upya kungeliwasha bara zima moto.

Jambo ambalo hukosewa na pande zote mbili katika mabishano ni hili la nani anakaa pale. Wakenya husema kwamba wavuvi walio wengi kisiwani ni wa kwetu, basi kisiwa ni chetu. Waganda nao husema kwamba polisi wao wamekaa pale miaka mingi, basi ni chao. Hakuna hoja kati ya hizo mbili inayotosha. Katika Ziwa Chad, wavuvi Wanigeria waliyafuata maji yaliyokuwa yakirudi nyuma, wakajenga vijiji, Darak kikiwa kimojawapo, na serikali yao ikawafuata kwa zahanati, shule na askari. Kamerun iliposhtaki, mahakama iliamua tarehe 10 Oktoba 2002 kwamba mkataba wa mpaka una nguvu kuliko utawala wa vitendo, isipokuwa pale ambapo mwenye haki ya mkataba ameridhia utawala huo. Vijiji vikabaki Kamerun pamoja na watu wake. Miaka mitatu kabla ya hapo, katika kesi ya kisiwa cha Kasikili kwenye Mto Chobe, Namibia ilisema kwamba watu wake wa kabila la Wamasubia walikuwa wakilima kisiwani tangu zamani. Mahakama ikajibu kwamba watu kuvuka na kulima si sawa na serikali kudai ardhi kwa jina lake. Botswana ikapewa kisiwa.

Kwa hiyo yale maneno "isipokuwa pale ambapo ameridhia" ndiyo ya kuangaliwa. Nchi inayoona polisi wa jirani kwenye mwamba wake na kunyamaza, ikanyamaza tena, inaweza kuja kuambiwa kwamba kimya chake kilikuwa kukubali. Kila barua ya kupinga ambayo Nairobi huandika ina kazi yake hata kama haimwondoi mtu yeyote kisiwani, na kila mwaka unaopita bila barua una hasara yake. Wala si kweli kwamba hakuna jambo la kupimwa. Mstari wa maneno lazima ushushwe juu ya maji yanayopanda na kushuka, na ncha ya magharibi ya kisiwa haiko palepale ziwa likijaa kama lilivyojaa mwaka 2020. Wapima ardhi wa nchi zote mbili walitumwa pamoja mwaka 2009, lakini kazi yao haikufikia tamko moja.

Sasa swali la pili. Ukizozana na jirani juu ya shamba huko Bondo, unamshtaki, na mahakama itamwita apende asipende. Kati ya mataifa hakuna mwito wa namna hiyo. Mahakama ya The Hague haisikilizi kesi ila nchi zote mbili ziwe zimeikubali kwa njia moja au nyingine. Uganda iliikubali kwa jumla mwaka 1963. Kenya iliikubali mwaka 1965, lakini katika tamko lake iliondoa mizozo yote na nchi za Jumuiya ya Madola, na Uganda ni mmoja wao. Kisha, mwezi Septemba 2021, wiki chache kabla ya hukumu ya mpaka wa bahari kati yake na Somalia iliyotolewa tarehe 12 Oktoba mwaka huo, Kenya iliiondoa ridhaa yake yote. Maana yake ni kwamba leo Migingo inaweza kufika The Hague kwa njia moja tu iliyo wazi: serikali mbili zikae, ziandike makubaliano maalumu, na ziipeleke kesi pamoja, kama Botswana na Namibia walivyofanya mwaka 1996 kwa ajili ya Kasikili.

Hawajafanya hivyo, na mimi naliona hilo kuwa kosa. Anayedhani atashinda anaogopa kushindwa, na anayejua hoja yake ni dhaifu anafaidika na ucheleweshaji. Lakini hata bila hukumu kuna la kufanya. Sheria ya kimataifa inaruhusu mataifa yanayozozana kuwekeana utaratibu wa muda, pamoja na sharti kwamba utaratibu huo hautahesabiwa kuwa kukubali madai ya upande wowote. Leseni moja ya uvuvi, na risiti moja inayosomeka na kuheshimiwa pande zote mbili, havihitaji mtu kuamua kwanza mwamba ni wa nani. Shirika la Uvuvi la Ziwa Victoria, lenye makao yake Jinja, limekuwapo tangu mkataba wa mwaka 1994, na Kenya, Uganda na Tanzania ni wanachama. Meza ya kuzungumzia ipo.

Maji ya Nzoia yana mwenyewe Misri?

"Nalima mpunga Bunyala. Mvua ikizidi Nzoia hutufuata hadi ndani ya nyumba, na ikipungua tunagombania mfereji. Katika baraza moja mzungumzaji alituambia kwamba hata serikali ikitaka kuchukua maji zaidi ya mto huu kwa ajili ya kilimo, haiwezi bila ruhusa ya Misri, kwa sababu ya mkataba wa Waingereza. Ni kweli, au ni maneno ya kututuliza tu?"
Mkulima, Bunyala, Busia

Mzee wangu, mzungumzaji huyo hakuutunga mkataba; upo. Alichokosea ni kuusema kana kwamba nguvu yake haina ubishi.

Tarehe 7 Mei 1929 Uingereza na Misri zilibadilishana barua za makubaliano. Humo Uingereza ilikubali kwamba hakuna kazi ya umwagiliaji wala ya umeme itakayojengwa kwenye Mto Nile, matawi yake, au maziwa yanakotoka maji yake, katika Sudan au katika nchi zilizo chini ya utawala wa Uingereza, ikiwa kazi hiyo itapunguza maji yanayofika Misri, itabadili majira ya kufika kwake au itashusha kina chake kwa namna ya kuidhuru Misri, ila Misri iwe imekubali kwanza. Nzoia huingia ziwani, na ziwa humwaga Nile, hivyo kwa maneno ya barua hizo mto wako umo. Si maneno matupu pia: bwawa la Owen Falls lilipojengwa Jinja, Uingereza iliafikiana na Misri kwanza mwaka 1949, na mhandisi wa Misri akawekwa pale kuangalia maji yanavyofunguliwa.

Utata unaanzia siku bendera ya Uingereza iliposhuka. Je, ahadi iliyotolewa na mtawala inamfunga aliyekuwa akitawaliwa? Mwalimu Julius Nyerere alijibu mapema kuliko wote. Mwezi Julai 1962 Tanganyika iliziandikia Uingereza, Misri na Sudan ikisema kwamba makubaliano ya mwaka 1929 hayaifungi. Kenya nayo, mwaka 1964, iliuarifu Umoja wa Mataifa kwamba itaendelea kuitekeleza mikataba ya kurithi kati ya nchi na nchi kwa miaka miwili tangu uhuru, na baada ya hapo itaihesabu kuwa imekoma ile yote ambayo haiwezi kuonekana kuwa hai kwa mujibu wa sheria ya desturi ya kimataifa, yaani mazoea ya mataifa yanayohesabiwa kuwa sheria. Soma sentensi hiyo polepole, Mzee, maana haitaji mkataba hata mmoja. Haisemi kama wa Nile ni miongoni mwa waliokufa au waliobaki hai. Inalipeleka swali kwa sheria ya desturi, na sheria ya desturi ndiyo hasa inayobishaniwa.

Misri ina hoja, na ni haki tuisikie kwa nguvu zake zote. Inasema kwamba mikataba inayohusu eneo lenyewe, kama vile mipaka na haki za kutumia mito, haifi pamoja na serikali iliyoitia saini, bali hubaki juu ya ardhi na kumfuata kila anayeirithi. Kanuni hiyo imo katika Mkataba wa Vienna wa mwaka 1978 kuhusu urithi wa mikataba, na mwaka 1997 mahakama ya The Hague, katika mzozo wa Hungaria na Slovakia juu ya mabwawa ya Mto Danube, ilisema kwamba ni sehemu ya sheria ya desturi. Kwa hiyo huwezi kuifukuza Misri kwa kusema tu kwamba mkataba ni wa kikoloni. Kama nilivyomweleza mama wa Usenge, mpaka unaotupa Migingo ni wa kikoloni vilevile, na sisi wenyewe tunaushika.

Hata hivyo nadhani hoja ya Nyerere ndiyo iliyo na uzito zaidi. Barua za mwaka 1929 zinajifunga zenyewe kwa maneno "nchi zilizo chini ya utawala wa Uingereza", na Kenya haijawa nchi ya namna hiyo tangu tarehe 12 Desemba 1963. Isitoshe, mpaka huzipa nchi zote mbili kitu, kila moja upande wake. Barua hizi ziliipa Misri tu, na nchi za juu, yaani zile maji yanakotoka, hazikupata chochote wala hazikuwapo mezani. Hiyo ni hukumu yangu mimi, msomaji wa sheria. Hakuna mahakama iliyowahi kuulizwa swali hili likajibiwa, na ndiyo maana wizara zetu na za Cairo zinaweza kusoma karatasi ileile na kila mmoja akalala na amani.

Nchi za bonde zilijaribu kuliziba pengo hili kwa kuandika upya. Mkataba wa Mfumo wa Ushirikiano wa Bonde la Nile ulifunguliwa kwa saini mjini Entebbe tarehe 14 Mei 2010, na Kenya ikatia saini siku chache baadaye. Mazungumzo yalikwama kwenye kifungu kimoja, cha 14(b). Nchi za juu zilitaka kiseme kwamba hakuna nchi itakayoathiri kwa kiasi kikubwa usalama wa maji wa nchi nyingine. Misri na Sudan zilitaka kiongezwe ulinzi wa matumizi na haki za maji zilizopo sasa. Haki zilizopo sasa, kwa macho yao, ni pamoja na zile za makubaliano yao wawili ya mwaka 1959, yaliyogawa mita za ujazo bilioni 55.5 kwa Misri na bilioni 18.5 kwa Sudan bila kumwachia mtu mwingine tone. Kifungu hakikupatanishwa. Mkataba ulianza kutumika tarehe 13 Oktoba 2024 baada ya Sudan Kusini kuwa nchi ya sita kuuridhia, huku Misri na Sudan zikiwa nje, na Kenya, pamoja na saini yake ya mwaka 2010, ikiwa haimo miongoni mwa zile sita. Kwangu hilo ni jambo la kusikitisha. Nchi yenye Nzoia, Yala, Nyando, Sondu na Kuja ilikuwa na kila sababu ya kuwa mbele.

Unataka kujua, Mzee, hayo yanakugusa vipi mfereji ukikauka. Tuache mkataba wa mwaka 1929 kando. Bado kuna kanuni mbili ambazo mataifa mengi yanazikubali: kila nchi ya bonde ina haki ya kutumia mto kwa usawa na kwa kiasi kinachofaa, na hakuna nchi inayoruhusiwa kuidhuru nyingine kwa kiasi kikubwa. Zimo katika mkataba wa mito ya kimataifa uliopitishwa na Baraza Kuu la Umoja wa Mataifa mwaka 1997, ambao Kenya iliupigia kura ya ndiyo. Nchi ya juu huipenda kanuni ya kwanza na ya chini huipenda ya pili, na mkataba haukusema waziwazi ipi itangulie zikigongana. Lakini katika jambo la Nzoia sioni zikigongana. Sehemu kubwa ya maji ya Ziwa Victoria ni mvua inayonyesha juu ya ziwa lenyewe, na sehemu kubwa zaidi ya maji yanayofika Misri hutoka milima ya Ethiopia. Maji ya mashamba ya mpunga ya Bunyala yangekuwa vigumu sana kuthibitishwa kuwa madhara makubwa huko Aswan, Misri.

Pale utata unapouma ni kwenye fedha. Benki ya Dunia, kwa mfano, ina kanuni ya miradi ya mito inayopita nchi zaidi ya moja, inayotaka nchi nyingine za bonde ziarifiwe kabla mkopo haujatolewa. Kuarifu si kuomba ruhusa, na hapo ndipo mzungumzaji wa baraza alipochanganya mambo mawili. Ila barua ya kuarifu huweza kujibiwa kwa pingamizi, pingamizi huweza kumtia mkopeshaji wasiwasi, na wakati huo wote mkulima hangoji hukumu ya mahakama yoyote. Anangoja tu mtu mmoja ofisini atie saini.

Je, mahakama inaweza kusema haijui?

"Ninafundisha historia na serikali katika shule ya upili. Mwanafunzi wangu aliniuliza: kama majaji wa dunia hawaoni sheria yoyote inayohusu jambo lililo mbele yao, wanaweza kusema 'hatujui'? Nilimjibu kwamba jaji hawezi, kwa sababu hiyo ndiyo kazi yake. Nilimweleza sawasawa?"
Mwalimu, Nakuru

Mwalimu, kwa jaji wa Kenya ulimweleza sawasawa. Jaji wa Mahakama Kuu mjini Nakuru hawezi kuwarudisha nyumbani watu wawili wanaozozana kwa sababu kitabu kimenyamaza. Lakini majaji wa The Hague wamewahi kusema "hatujui", angalau mara moja, na katika jambo zito kuliko yote. Baraza Kuu la Umoja wa Mataifa liliwauliza kama kutishia au kutumia silaha za nyuklia kunaruhusiwa katika hali yoyote. Tarehe 8 Julai 1996 walijibu kwamba kwa jumla kungekuwa kinyume cha sheria ya vita, kisha wakaongeza kwamba, kwa hali ya sheria ilivyo, hawawezi kukata shauri kama kungekuwa halali au haramu pale nchi inapojitetea na uhai wake wenyewe uko hatarini. Kura zilikuwa saba kwa saba, na kura ya Rais wa Mahakama, Mohammed Bedjaoui wa Algeria, ndiyo iliyoamua.

Wapo wanaosema kwamba ukimya wa sheria una maana yake: lisilokatazwa linaruhusiwa. Chanzo chake ni kesi ya meli ya Kifaransa Lotus, iliyoigonga meli ya Uturuki mwaka 1926 na kuwaua Waturuki wanane. Mwaka uliofuata mahakama iliyotangulia hii ya sasa ilisema kwamba vizuizi juu ya uhuru wa mataifa havidhaniwi tu. Hiyo nayo ilipatikana kwa kura ya rais baada ya majaji kugawanyika nusu kwa nusu. Mimi sioni kwamba kanuni hiyo inafaa kwa jambo linaloweza kuteketeza watu ambao hata hawamo katika vita.

Mfano ningependa umpe mwanafunzi wako ni wa Afrika. Ethiopia na Liberia zilipoishtaki Afrika Kusini kwa jinsi ilivyokuwa ikiitawala Namibia, zilipigana mahakamani karibu miaka sita. Mwezi Julai 1966, kwa kura saba kwa saba na kura ya rais, mahakama ilisema kwamba walalamikaji hawakuwa na haki ya kisheria ya kulileta jambo hilo. Haikusema ubaguzi ni halali; ilikataa tu kuligusa swali. Afrika ilipokea uamuzi huo kwa hasira iliyostahili, na Baraza Kuu, mwaka huohuo, likaiondolea Afrika Kusini dhamana ya Namibia. Mwaka 1971 mahakama ileile, ikiwa na majaji wapya wengi, ilitoa maoni kwamba Afrika Kusini kukaa Namibia ni haramu na inapaswa kuondoka. Katika miaka mitano maandishi ya msingi hayakuwa yamebadilika. Waliobadilika ni waliokaa kwenye viti, na sauti ya mataifa mapya ilikuwa imekuwa kubwa kiasi cha kutosikika kuwa kelele.

Mweleze pia kwamba hapa nyumbani, kwa ibara ya 2(5) na 2(6) ya Katiba ya 2010, kanuni za jumla za sheria ya kimataifa na mikataba ambayo Kenya imeiridhia ni sehemu ya sheria ya Kenya. Utata wa The Hague basi unaweza kuangukia mezani pa hakimu wetu, ambaye hana ruhusa ya kusema hajui. Katika kesi ya wakazi wa Mitu-Bell waliobomolewa makao jijini Nairobi, Mahakama ya Juu ilisema tarehe 11 Januari 2021 kwamba miongozo ya Umoja wa Mataifa haiwi sheria kwa kuandikwa tu, ingawa jaji anaweza kuitumia kuifafanua sheria iliyopo.

Mimi peke yangu naweza kwenda wapi?

"Umetuambia mara nyingi kwamba The Hague ni ya mataifa. Mtu wa kawaida aliyenyang'anywa mali mpakani na askari wa nchi jirani anakwenda wapi?"
Msomaji, Kisumu

Ndugu yangu, Mahakama ya Haki ya Afrika Mashariki iliyoko Arusha iko wazi kwako. Kwa ibara ya 30 ya Mkataba wa Jumuiya ya Afrika Mashariki, mkazi yeyote wa nchi mwanachama anaweza kupinga kitendo au uamuzi wa nchi mwanachama kwa msingi kwamba unakiuka Mkataba, na hulazimiki kumaliza kwanza mahakama za nchi husika. Haitakuamulia kisiwa ni cha nani, lakini inaweza kuulizwa kama kitendo ulichofanyiwa kilikuwa halali.

Kuna sharti moja ambalo limewaangusha wengi, na ni gumu: kesi iwasilishwe ndani ya miezi miwili tangu kitendo kifanyike au tangu ulipokijua. IMLU, shirika la Kenya linalotetea watu walioteswa, lilikwenda Arusha kwa niaba ya watu wa Mlima Elgon waliodaiwa kuteswa kati ya mwaka 2006 na 2008, likasema kwamba serikali kutochunguza ni ukiukaji unaoendelea kila siku, kwa hiyo muda haujaisha. Majaji wa kwanza walikubali kuisikiliza. Tarehe 15 Machi 2012 kitengo cha rufaa kilikataa, kwa sababu Mkataba hautaji ukiukaji unaoendelea, na kesi ikaishia hapo bila swali la mateso kujibiwa. Ukipewa karatasi yoyote mpakani, hata iliyolowa, andika tarehe nyuma yake siku hiyohiyo na umtafute wakili kabla ya mwezi mmoja kwisha.